Lyse Nduwimana, Gardien wa Lindenbach na wa Umbilo

12 Machi 1987 – 7 Oktoba 2025

Tunamsindikiza leo Lyse Nduwimana, binti wa marehemu Léonce Nduwimana na mkewe Élisabeth Ciza. Wengi wenu mlimfahamu hapa Durban, kwenye uwanja wa Umbilo, akiwa na filimbi shingoni na kofia ya jua kichwani. Wachache wanajua kwamba kabla ya hapo alilinda mlango wa timu ya wanawake ya Lindenbach, Ujerumani, kwa misimu kumi, na kwamba watu walitoka miji mingine kuja kuitazama mikono yake. Familia imependa maisha yake yaelezwe kwa ukamilifu, kwa sababu yamesemwa mengi juu yake, na si yote yaliyokuwa kweli.

Alizaliwa Alhamisi, tarehe 12 Machi 1987, mtaa wa Bwiza, mjini Bujumbura. Baba yake alikuwa mhasibu wa banki, mama yake mwalimu wa Kifaransa katika shule ya sekondari. Alikuwa mtoto wa kwanza, akifuatiwa na mdogo wake, Blaise. Ilikuwa nyumba yenye vitabu na utaratibu, isipokuwa saa ile Papa aliporudi kazini. Alikuwa akisimama mlangoni na kumrushia Lyse chungwa kutoka mbali, naye alilidaka kwa mikono miwili na kulibana kifuani, halafu akakataa kumpa mtu yeyote. Mama alilalamika juu ya vioo vya kabati. Hakuna kioo kilichovunjika.

Alianza shule ya msingi mwaka 1993, na mwaka huohuo vita vikaanza. Shule zilifungwa, zikafunguliwa, zikafungwa tena. Shangazi yake, Joséphine, dada wa Papa, alikuwa muuguzi katika mji wa Kassel, Ujerumani, akaomba apewe mtoto mmoja ili walau mmoja asome bila kukimbia. Lyse aliondoka tarehe 18 Agosti 1996, akiwa na miaka tisa. Alidhani anakwenda likizo. Wazazi wake na Blaise waliondoka Burundi mwaka 1999, wakapitia Kigoma, Malawi na Msumbiji, na kufika Durban Machi 2001. Hivyo ndivyo familia moja ilivyokuja kuishi katika mabara mawili, na baba na binti hawakuonana tena kwa karibu miaka ishirini.

Kassel, Lyse hakujua neno hata moja la Kijerumani. Mwalimu wa michezo alipowapanga watoto kwa ajili ya mpira wa miguu, hakujua amweke wapi msichana asiyesema, akamweka golini. Baadaye Lyse alipenda kueleza hivi: “Wengine ilibidi waombe mpira. Mimi sikujua kuomba. Kwenye gol, mpira unakuja wenyewe.” Mwalimu yule alimpigia simu Shangazi Joséphine jioni hiyohiyo, kumuuliza mtoto amefundishwa na nani kudaka. Shangazi alifikiri, kisha akajibu ukweli: amefundishwa na machungwa.

Mwaka 2003 alipata uraia wa Ujerumani na kujiunga na timu ya vijana ya klabu ya Lindenbach, mji mdogo usio mbali na Kassel. Alimaliza sekondari mwaka 2005 akiwa na alama nzuri sana, na tunalisema hilo kwa sababu wapo wanaodhani mpira ulikula masomo. Haukula. Alisomea tiba ya viungo na kuhitimu mwaka 2008, huku akicheza.

Septemba 2006 Lindenbach walimpa mkataba wake wa kwanza wa timu kubwa. Lazima tusimulie simu aliyopiga siku ile, kwa sababu jamii yetu hapa Durban bado inaicheka, nasi tunapenda icheke kwa usahihi.

Papa Léonce wakati huo alikuwa akilinda magari South Beach, chini ya majumba marefu, amevaa fulana ya njano inayong’aa. Mtu aliyekuwa akikagua hesabu za banki alisimama juani akiwaelekeza madereva waegeshe vizuri. Familia haijawahi kuificha kazi hiyo, wala haina sababu ya kuificha. Hakuna gari lililoibwa katika zamu yake. Sasa, sisi tuliotoka Burundi na Kongo, mlinda magari tunamwita gardien. Na mlinda mlango wa mpira, naye tunamwita gardien.

“Papa, nimepata kazi,” Lyse alisema kwenye simu. “Nimekuwa gardien.”

“Gardien?”

“Ndiyo, Papa! Wamenisainisha. Mimi ndiye nitasimama pale kila wikendi. Mvua, baridi, mimi tu.”

“Na masomo?”

“Nasoma na kazi pamoja.”

“Sawa, mwanangu. Vaa vizuri. Baridi ya huko ni mbaya.”

Alirudi nyumbani akasema binti yake amepata kazi, na hakula. Alikuwa amemtoa mtoto vitani, akamkosa miaka yote ile, ili asije kusimama barabarani kama yeye. Alimweleza rafiki mmoja tu, na rafiki mmoja alitosha. Jumapili iliyofuata, nje ya kanisa, walimngojea.

“Mzee Léonce! Kumbe hata Ulaya iko parking?”

“Baba gardien, mtoto gardien! Mmefungua kampani?”

Mama yake Lyse, aliyefundisha Kifaransa nusu ya maisha yake, alilisikia neno lile na kulielewa kama walivyolielewa wote. Durban, gardien alikuwa mtu wa aina moja tu. Papa hakumlaumu binti yake hata mara moja. Kila alipopiga simu alimuuliza kama wenye magari wanamheshimu, naye Lyse, ambaye Kiswahili chake kilikuwa kimeanza kutoboka, alifikiri baba anauliza juu ya wachezaji wenzake wenye magari, akajibu kwamba wanamheshimu sana, wengine hata humpa lifti.

Mambo yalikaa hivyo hadi Februari 2008. Prodige, ambaye wengi mnamjua kwa duka lake la simu Umbilo Road, alikuwa na kompyuta mbili za intaneti. Papa alikwenda kununua kadi ya simu.

“Mzee, mtoto wako wa Ulaya anaitwa nani?”

“Lyse.”

“Lyse Nduwimana? Kuja uone. Kuja haraka!”

Kwenye kioo kulikuwa na picha ya msichana mwenye jezi ya kijani, mwili umenyooka hewani, miguu yake mbali kabisa na ardhi, na mpira kwenye ncha za vidole.

“Huyu anafanya nini huko juu?” Papa aliuliza.

“Analinda!”

“Analinda nini?”

“Gol, mzee! Ni gardien ya mpira! Si ya magari, eish!”

Duka zima lilicheka. Papa hakucheka. Alivua kofia yake na kuishika kifuani, kama mtu aliyeingia kanisani akakuta ibada imeshaanza. Alimwomba Prodige aitoe picha ile kwenye karatasi. Tangu siku hiyo aliitembeza ndani ya fulana yake ya njano, akawaonyesha madereva hata kabla hawajazima injini. “Huyu ni mwanangu,” aliwaambia. “Yeye pia ni gardien.”

Kuhusu uchezaji wake, tuseme kwa kifupi, kwa kuwa kusema kwa kirefu kungechukua siku. Mwaka 2007 aliitwa kwenye kambi ya timu ya taifa ya Ujerumani ya vijana. Mwaka 2009 Lindenbach, timu ya mji mdogo ambayo hakuna aliyeitarajia, ilipanda ligi kuu ya wanawake, na ikabaki huko miaka yote aliyokuwa golini. Mwaka 2012 ilifika nusu fainali ya kombe la taifa. Shangazi Joséphine alileta kanda za mechi hizo alipokuja Durban kututembelea, na tulizitazama sebuleni, majirani wamesimama mpaka kwenye korido.

Alikuwa na namna yake ya kukabili penalti. Makipa wengi huchagua upande mapema na kuruka, wakimwachia Mungu yaliyobaki. Lyse hakuchagua. Alisimama wima katikati ya mlango, mikono imeshuka, akamtazama mpigaji mpaka mguu ule ulipogusa mpira, na hapo ndipo alipokwenda. Haiwezekani mtu kufika kwa wakati akianza kwa kuchelewa hivyo. Tuliirudisha kanda nyuma tukatazama tena, na tena haikuwezekana, na tena alifika. Mama yake aliitazama mikono ile mirefu, na kidole cha mwisho cha kushoto kilichovunjika kikapona kimepinda, akashindwa kuelewa kwamba mwili ule ulitoka kwake.

Papa alitazama kwa karibu sana, pua yake ikikaribia kugusa kioo. Tulidhani ni furaha. Ilikuwa sukari, iliyokuwa imeanza kumla macho.

Kitu kimoja tu Papa alikitaka, kumwona binti yake akilinda, si kwenye kioo bali kwa macho yake mwenyewe. Na hicho ndicho kitu pekee Lyse alichokitaka. Aliwahi kumwambia Blaise kwamba kila mechi kabla ya kuanza aliwatazama wazazi wa wenzake wakikaa, halafu akageuka kuangalia lango lake. Mara mbili Papa aliomba viza ya kwenda Ujerumani, na mara mbili hati zake za ukimbizi hazikumfikisha. Januari 2016 daktari alieleza kwamba mwanga uliobaki hautakaa muda mrefu.

Lindenbach walikuwa wameandaa mkataba mpya wa miaka miwili. Lyse aliukataa, akauza gari lake, akawaaga wenzake, na kutua Durban tarehe 4 Julai 2016. Alikuwa na miaka ishirini na tisa, umri ambao golikipa ndipo anapoiva. Kwa watu wetu hakuna anayetoka Ulaya na kuja Durban kwa hiari yake, kwa hiyo ikasemwa kwamba amerudishwa, kwamba kuna kosa alilolifanya, kwamba karatasi zake zilikuwa za uongo. Tunalisema hapa mbele ya jeneza lake, kwa mara ya mwisho: Lyse hakurudishwa na mtu. Alikuja na pasipoti ya Ujerumani mkononi, kwa tiketi aliyoilipia mwenyewe, kwa sababu baba yake alikuwa anapofuka.

Aliomba nafasi katika timu ya wanawake ya Umbilo. Mechi ilikuwa Jumamosi, tarehe 20 Agosti 2016, dhidi ya timu ya wanawake wa viwandani Jacobs. Alivaa jezi ya njano kali aliyoichagua kwa ajili ya macho ya Papa, ambaye kufikia hapo alitofautisha rangi na kivuli tu. Tulimleta Papa akasimama nyuma ya wavu, karibu kuliko anavyoruhusiwa mtu yeyote, na mwamuzi, mama mmoja Mzulu, alimtazama, akatutazama, akaamua kutoona.

Papa alikuwa kimya mpaka Jacobs waliposhambulia mara ya kwanza. Hapo, bila kukusudia, kazi yake ya miaka kumi na mitano ikamtoka mdomoni.

“Kuja, kuja, kuja! Kushoto kidogo! Kuja… hapo! Simama!”

Uwanja uliangua kicheko. “Eish, baba, hapa si parking!” mmoja wa mashabiki wa Jacobs alipiga kelele. “Atagonga nguzo!”

“Hajawahi kugonga kitu!” Papa alimjibu bila kugeuka.

Lyse alikuwa akicheka golini, lakini alikwenda kushoto kidogo, na mpira ukamkuta hapohapo. Tangu hapo walicheza wawili. Papa hakuuona mpira. Aliziona rangi za Jacobs zikiongezeka upande mmoja, akaita, naye binti yake alisogea kama gari la mtu anayemwamini anayemwelekeza.

Karibu na mwisho, timu zikiwa sare bila bao, Jacobs walipata penalti. Papa alisikia uwanja umenyamaza akauliza kuna nini. Blaise akamweleza. Papa aliushika wavu kwa vidole vyake vyote. Lyse alisimama wima katikati, mikono imeshuka. Mpigaji alikuja, akapiga chini, kona ya kulia. Yale tuliyoyatazama kwenye kanda na kusema hayawezekani yalitokea mbele yetu, karibu kiasi cha kusikia pumzi yake. Kisha hapakuwa na sauti.

“Iko wapi mpira?” Papa aliuliza. “Lyse! Iko wapi mpira?”

Alikuwa amelala kifudifudi, ameukumbatia chini yake.

“Niko nayo, Papa,” alisema. “Niko nayo.”

Papa alisema alimwona. Daktari baadaye alitueleza kwamba kwa macho yale asingeweza kuona zaidi ya doa la njano likihama. Papa alimsikiliza kwa adabu, kisha akamwambia daktari kwamba hilo doa ni mtoto wake na alilifahamu.

Lyse alikuja kwa ajili ya mechi moja, akabaki miaka tisa. Alifanya kazi ya tiba ya viungo Umbilo, na kila Jumamosi alifundisha wasichana kudaka. Walikuja kutoka South Beach, Jacobs na Glenwood, Wazulu, Wahindi, Wakongo na Warundi. Somo lake la kwanza halikuwa kuruka bali kusimama, na wengi walilichukia hadi walipolielewa. Ukipita pale siku ya mechi utasikia wasichana ambao Kiswahili hawakijui kabisa wakiwaelekeza mabeki wao kwa sauti kubwa: “Kuja, kuja! Hapo! Simama!” Wanadhani ni lugha ya mpira.

Uwanjani hapohapo alikutana na Honoré Mushagalusa, mzaliwa wa Bukavu, mwenye saluni ya nywele Umbilo Road. Alikuwa akileta maji ya kunywa kwa timu, mengi kuliko timu ilivyohitaji. Siku moja alimwambia, “Nikikufunga penalti, unaolewa na mimi?” Alipiga mpaka jua likazama. Mwishowe Lyse alimrudishia mpira na kumwambia, “Basi, twende kwa wazazi, utaumia bure.” Mahari ilipokelewa kwa heshima, na ndoa ilifungwa kanisani Jumamosi, tarehe 8 Desemba 2018. Papa, ambaye hakuona tena kitu, alimshika mkono hadi madhabahuni, na hakuna aliyejua nani alikuwa akimwongoza mwenzake. Papa Léonce aliaga dunia tarehe 17 Mei 2019. Mwaka uliofuata, tarehe 2 Septemba, Mungu aliwajalia Lyse na Honoré binti, Mireille.

Februari 2024 aligunduliwa kuwa na saratani ya matiti. Mwenyewe aliomba ugonjwa utajwe kwa jina leo, ili wanawake walioketi hapa waende kupimwa na wasifiche. Alitibiwa kwa bidii na kwa upole mwingi, na tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia. Alipokosa nguvu za kusimama aliletewa kiti nyuma ya goli, akafundisha akiwa amekaa.

Mgeni mmoja aliyekuja kumwona mwezi Septemba, Mama Marie-Jeanne wa kwaya, ambaye ametupa ruhusa kumtaja, alisema kwa uchungu maneno ambayo wengi walikuwa nayo moyoni.

“Mwanangu, Ulaya iko dawa zote. Iko kila kitu. Ulikuja kutafuta nini huku kwetu?”

“Nilikuja kuonekana, Mama,” Lyse alimjibu. “Kule walinitazama watu wengi. Nilitaka anione mmoja.”

“Na alikuona?”

“Alisema aliniona.”

“Wewe unasemaje?”

Lyse alicheka, kicheko chake kile kidogo cha puani. “Mama, mtu akikuambia usogee kushoto na mpira ukaja kushoto, utasema hakuoni?”

Alifariki Jumanne, tarehe 7 Oktoba 2025, nyumbani kwake Umbilo, mume wake, mama yake na mdogo wake wakiwa naye.

Ameacha mume, Honoré, binti, Mireille, mwenye miaka mitano, mama, Élisabeth, mdogo wake, Blaise, na mkewe, na shangazi yake, Joséphine, aliyemlea kama wake na aliyesafiri kutoka Kassel kuwa nasi leo. Ameacha pia wachezaji wenzake wa Lindenbach, waliotuma salamu zao, na wasichana wa Umbilo, ambao wameomba wabebe jeneza, nasi tumewakubalia.

Makaburi ya Durban yamejaa, na familia nyingi siku hizi huzika wawili mahali pamoja, mmoja juu ya mwingine. Lyse aliomba azikwe hapa Stellawood katika kaburi la Papa, na ruhusa imepatikana. Papa yuko chini, yeye atalala juu yake. Chochote kitakachotaka kumfikia Papa sasa, kitapita kwanza kwa Lyse.

Mungu aliyempa mikono ile aipokee, na aipumzishe kwa amani.